Kifungo cha Nyumbani

Gereza hutambuliwa na kila mtu kwa kuta zake na askari wake. Kipo kifungo kingine kisichotambulikana upesi, kwa sababu kuta zake ni za nyumba, askari wake ni jamaa, na ufunguo wake umefungwa katika pindo la kanga ya mama au umetiwa mfukoni mwa baba.

Katika mtaa niliolelewa palikuwa na chumba kilichofungwa usiku na mchana. Ndani alikuwamo mtu mzima aliyesemekana kuwa ana maradhi ya akili. Alipolia, wapita njia walikaza mwendo, na majirani walisema kuwa mambo ya nyumba hayaamuliwi na wageni. Jamaa zake hawakuwa wabaya. Waliogopa aibu, tena waliogopa asipotee. Lakini hofu yao haikuwa sheria, wala mapenzi yao hayakuligeuza komeo kuwa dawa. Wahenga walinena kweli kwamba nyumba njema si mlango.

Sheria inayo dawa ya jambo hili, nayo ni kongwe. Wanasheria huiita habeasi kopasi, maneno ya Kilatini yanayoamuru mwili wa mtu uletwe. Mahakama Kuu humwambia aliyemzuia mwenzake: mlete hapa, ueleze umemfunga kwa haki gani. Asipokuwa na haki, aliyefungwa huachwa huru. Na kwa kuwa aliye nyuma ya komeo hawezi kwenda mahakamani, ndugu au rafiki aweza kumsemea.

Mwaka 1891, katika mji wa Clitheroe, Uingereza, Emily Jackson alikamatwa na mumewe na wasaidizi wake alipokuwa akitoka kanisani siku ya Jumapili. Alichukuliwa Blackburn, akafungiwa nyumbani. Majaji wa kwanza walikataa ombi la kumtoa. Mahakama ya Rufani ilitengua hukumu yao, ikaamua kwamba mume hana haki ya kumfunga mkewe ili amlazimishe kukaa naye. Mwanamke yule akaenda zake huru.

Hapa Kenya, kifungu cha 389 cha sheria ya mwenendo wa kesi za jinai huipa Mahakama Kuu uwezo wa kumwachilia mtu aliyezuiliwa isivyo halali, akiwa mikononi mwa serikali au mwa mtu binafsi. Katiba ya mwaka 2010, kifungu cha 25, imeitia haki hii miongoni mwa zile zisizoweza kupunguzwa, pamoja na haki ya kutoteswa na ya kutofanywa mtumwa.

Labda msomaji atauliza: je, mzazi anayemkataza mtoto wake kutoka usiku amevunja sheria? Hasha! Malezi ya mtoto yana kiasi, na hayahitaji mnyororo. Bali msichana anayefungiwa ndani mpaka akubali mume asiyemtaka halelewi, amefungwa.

Amri hii hufungua mlango tu. Haimponyi mgonjwa, wala hairudishi upendo uliokimbia. Kazi hiyo hubaki kwa waganga na jamaa. Lakini mgonjwa asiyeonekana hatibiwi, na aliyenyamazishwa hasikilizwi. Kwa hiyo, kijana, ukisikia kilio nyuma ya mlango uliofungwa, usikaze mwendo. Mwambie mtu mzima unayemwamini, naye apeleke habari kwa wenye mamlaka.