Duane Jones hakuwa zombi, na mimi si jini

Wasee, mwaka jana stima zilipotea usiku, nikajifunga shuka nyeupe ya shosho, nikajipaka unga usoni, nikarekodi klipu ya sekunde 15 kwa ngazi za ploti yetu. Ilienda mbali kuliko kitu chochote nimewahi kuweka huku. Tangu hapo naitwa Jini. Makanga wa mtaa ananiita Jini. Hata mathe: "Jini, osha vyombo."

Ndio maana Duane Jones hanitoki akilini. Kama hujaona Night of the Living Dead ya 1968, iko bure kwa intaneti, na ni halali. Waliitengeneza Pennsylvania, Marekani, bila studio kubwa, kwa kama dola 114,000. Damu yenyewe ni sharubati ya chokoleti. Jina la filamu lilipobadilishwa, alama ya hakimiliki ikasahaulika, basi kila mtu akaionyesha bila kulipa.

Jones ni Ben, mtu mweusi aliyefungiwa na wazungu kwa nyumba imezingirwa na maiti zinazotembea. Yeye ndiye mwenye akili humo ndani. Anapigilia mbao madirishani, anatoa amri, mmoja akileta ujinga anampiga risasi. Skripti haikusema Ben ni mweusi. Mwongozaji, George Romero, alisema Jones ndiye aliigiza vizuri kuliko wote kwa majaribio. (Nitaharibu mwisho, samahani.) Ben anamaliza usiku mzima akiwa hai. Asubuhi wenye bunduki wanakuja kuokoa watu, wanamdhani zombi, wanamuua. Filamu ilitoka miezi michache tu baada ya Martin Luther King kuuawa. Zile picha za mwisho, manze, mimi huziruka.

Lakini huyu jamaa alikuwa msomi na mwalimu. Mwaka wa 1973 akaigiza Ganja & Hess ya Bill Gunn, ni daktari msomi anayeanza kutamani damu, polepole, bila kelele. Akafundisha chuo, akaongoza michezo ya jukwaani, akaigiza filamu zingine ndogo. Akafariki 1988. Na bado ukitaja jina lake, watu wanasema, "Aah, yule wa zombi."

Wiki iliyopita msee fulani alinitumia ujumbe: anataka Jini sehemu ya pili, na atalipa. Pesa si mbaya, rent iko karibu. Kwa simu niko na klipu nyingine, dakika nne, naongea na buda ambaye hayuko. Hakuna unga. Nimeirekodi mara sita na sijaionyesha mtu.

Huyo msee bado sijamjibu.