Tembo wa Kwenye Karatasi

Tulipokuwa watoto pale Kama, mashariki mwa Kongo, chokoleti haikuuzwa dukani. Ilisubiri mjomba arudi kutoka Kindu, nayo ilifika imeshalegea kwa joto la lori. Mama aliikata kwa kisu, kila mtoto akapata kijipande cha ukubwa wa ukucha. Karatasi ndiyo tuliyoigombania zaidi, maana Côte d'Or, chokoleti ya Ubelgiji, ilikuwa na picha ya tembo. Tuliamini Ubelgiji nako kuna msitu wenye tembo.

Jina lile, lililosajiliwa 1883, lilikuwa la Pwani ya Dhahabu, Ghana ya leo, kulikotoka punje za kakao. Hatukuambiwa. Wala hatukuambiwa kwamba mti wenyewe, ambao Wamaya na Waazteki wa Amerika walikunywa punje zake zikiwa chungu na hata kuzitumia kama fedha, ulikuwa umekwisha kupandwa nchini mwetu. Wabelgiji waliulima Mayombe. Waliufanyia utafiti Yangambi, kwenye kituo cha INEAC, shirika la utafiti wa kilimo lililoundwa 1933. Maji ya Lualaba tuliyovuka Kindu ndiyo yanayokwenda kupita Yangambi! Sukari ya ugeni tuliilamba vidoleni, na mti tulikuwa nao.

Leo kakao imesogea karibu. Huko Beni na Mambasa, kaskazini-mashariki mwa nchi, ugonjwa wa mnyauko ulipoua kahawa ya robusta, wakulima waligeukia kakao. Wanapasua maganda, wanavundika punje pamoja na ute wake mweupe kwa siku kadhaa, kisha wanazianika juani. Mwaka 2024 bei ya New York ilivuka dola 10,000 kwa tani. Ningependa kusema wamenufaika, na wapo walionufaika. Lakini waasi wa ADF wamewaua wakulima mashambani mwao, na kwa wengi msimu wa mavuno ni msimu wa kuogopa kwenda shambani. Magunia yanayosalimika huondoka nchini yakiwa na punje tu. Mutwanga, kando ya Hifadhi ya Virunga, kipo kiwanda kidogo kinachotengeneza chokoleti hasa. Nakiheshimu mno, ila ni kidogo sana mbele ya mavuno yale.

Juzi mpwa wangu aliniuliza kama kakao ingeota Kama. Joto lipo, mvua ipo, kivuli cha miti mikubwa kipo. Nilimjibu ndiyo, nikaumia kwamba sisi, katika umri wake, hatukujua hata kuuliza.