Ushanga Mmoja Baada ya Mwingine



Wapendwa waamini, juma hili tunawaalika mtafakari pamoja nasi kazi ambayo wengi wetu hatujapata kuisikia ikitajwa, ijapokuwa tunda lake mojawapo lilijaribiwa katika mkoa wetu huu wa Morogoro. Ni kazi ya wakemia ya kuunda peptidi.

Miili yetu imejengwa kwa protini, na protini ni mkufu mrefu wa asidi za amino. Mkufu ukiwa mfupi, huitwa peptidi. Asidi hizo ni aina 20 hivi tu, lakini mpangilio wake ndio uamuao kila jambo, kama vile herufi zilezile zinavyoweza kuandika “kata” au “taka”. Sindano ya oksitosini, wanayochomwa akina mama baada ya kujifungua ili wasivuje damu kupita kiasi, ni peptidi ya asidi 9.

Hapo zamani kila asidi iliyoongezwa ilidai kazi ndefu ya kutenganisha na kusafisha, na kila mara sehemu ya mali ilipotea. Mwaka 1963 Bruce Merrifield wa Marekani alitangaza njia nyingine: aliifunga asidi ya kwanza kwenye punje ndogo ya plastiki isiyoyeyuka. Atungaye rozari hupiga kwanza fundo mwishoni mwa uzi. Bila fundo, shanga zote humwagika. Punje ile ndiyo fundo.

Kila asidi huletwa ikiwa imefunikwa upande mmoja, isije ikajiunga ovyo. Mkemia huondoa kifuniko cha ile iliyokwisha kufungwa, huisuuza, huleta inayofuata kwa wingi, hungoja ziungane, kisha husuuza tena ili masalia yaondoke. Mkufu hauchukuliwi, kwa sababu umeshikwa. Hurudia hivyo hadi mwisho, ndipo dawa kali huutenga mkufu na punje. Kwa kazi hiyo Merrifield alipewa Tuzo ya Nobel ya Kemia mwaka 1984.

Sasa tuangalie hesabu, maana ndani yake mna fundisho. Mkufu wa asidi 45 una maungio 44. Kila ungio likifaulu kwa asilimia 99, mikufu iliyo kamili mwishoni ni kama 64 katika kila 100. Likifaulu kwa asilimia 95, hubaki kama 10 tu. Asilimia 95 darasani ni alama ya kujivunia. Hapa ni hasara. Usipoziba ufa utajenga ukuta.

Mkufu wa asidi 45 haukuwa wa kubuni. Ndiyo SPf66, chanjo ya malaria iliyoundwa kwa njia hiyo na Manuel Elkin Patarroyo wa Kolombia. Mwaka 1993 ilijaribiwa Idete, katika bonde la Kilombero, kwa watoto 586 wenye umri wa mwaka 1 hadi 5. Wazazi walileta watoto wao, na hakuna mzazi aliyejua kama wake amepata chanjo au sindano ya kulinganishia. Matokeo ya mwaka 1994 yalionyesha malaria imepungua kwa asilimia 31. Matumaini yakapanda. Lakini majaribio ya Gambia na Thailand hayakuona kinga, wala yale ya watoto wachanga hapa kwetu. Chanjo ikaachwa.

Je, wazazi wa Idete walijitoa bure? Sisi hatudhani hivyo. Mkufu uliungwa vema, ila vimelea vya malaria vilikuwa na werevu zaidi. Na waliopima walisema ukweli, hata ulipouma. Uaminifu wa kusema “haikufaulu” ni wa ukoo mmoja na uaminifu wa kusuuza kila hatua. Watafiti wa Ifakara hawakuikimbia kazi: walishiriki majaribio ya RTS,S kule Bagamoyo, chanjo ambayo Shirika la Afya Duniani liliipendekeza mwaka 2021. Hiyo huzalishwa kwa hamira, si kwa punje za Merrifield.

Ndugu zetu, katika malezi, katika biashara na katika hesabu za jumuiya zetu, tusiridhike na “karibu sawa”. Tupige fundo imara, tusuuze kila hatua, na mwishoni tuseme tulichokiona.

Tunawatakia juma jema.