Epoksi Shimanzi, Chokaa Mji wa Kale

Wenzangu walipanda treni ya SGR, ile iliyoanza kubeba abiria mwaka 2017, wakashuka Miritini na nguo zao bado zina pasi. Mimi nilipewa lori. Mzigo wa epoksi hauachiwi dereva peke yake, maana madebe huja mawili mawili: A ni gundi yenyewe, B ni hadina ya kuigandisha, na B likitoboka njiani A linabaki uchafu wa bei kali. Basi nikakaa mbele kati ya dereva na utingo, vipimo vyangu nimevipakata, tukaondoka Industrial Area ya Nairobi alfajiri. Nilikuwa fundi wa sakafu za viwanda kwa miaka, na bahari sikuwa nimewahi kuiona.

Njia ya Mombasa ni karibu kilomita 480, nayo huteremka kutoka zaidi ya mita 1,600 juu ya bahari hadi ufukweni. Mimi nilikuwa naipima kwa debe. Tuliposimama kwenye mizani ya Mlolongo nilifungua debe moja la A nikachovya kijiti: gundi ilikuwa nzito kama asali, baridi ya Nairobi bado imo ndani. Mtito Andei, tulipokula wali na maharagwe, ilikuwa imelegea. Mariakani, kwenye mizani nyingine, haikushika kijiti hata kidogo. Dereva akacheka, "Dawa yako imeanza kutoka jasho kabla yako." Hakujua kwamba amesema jambo la maana. Kasi ya epoksi kushikana huwa takriban maradufu kila joto linapopanda nyuzi 10. Mchanganyiko unaokupa nusu saa kwenye nyuzi 20, pwani hukupa robo saa tu, halafu ndoo inaanza kuchemka yenyewe.

Mazeras minazi ikatokea. Kisha Changamwe, msururu wa malori yaliyobeba makontena, na daraja jipya la Makupa lililofunguliwa mwaka 2022, ambapo zamani palikuwa na tuta lililoziba mkondo. Hivyo ndivyo nilivyoiona bahari mara ya kwanza: upande mmoja wa kioo cha lori, ya kijani, katikati ya matangi ya mafuta. Sikuipenda wala kuichukia. Nilichokihisi ni hewa. Ilikuwa imelowa.

Kazi yetu ilikuwa Shimanzi, kwenye godauni la chai. Msomaji wa bara huenda hajui kwamba chai ya Kericho na ya Nandi, pamoja na ya Uganda na Rwanda, hupigiwa mnada hapa kisiwani. Mnada ulianzia Nairobi mwaka 1956, ukahamia Mombasa mwaka 1969, na kabla ya kupakiwa melini chai hukaa katika maghala haya, magunia ya karatasi juu ya paleti, safu juu ya safu hadi karibu na mabati. Zege tupu likikanyagwa na magurudumu ya foklifti miaka nenda miaka rudi huchakaa na kutoa vumbi jeupe. Vumbi hilo halina pa kwenda ila magunia, na chai haioshwi kabla ya kutiwa birikani. Ndiyo sababu mwenye ghala alitaka sakafu ya epoksi: haitoi vumbi, haina nyufa za kufichia wadudu, na humwagiwa maji ikafagiwa. Alikuwa na sharti moja. Chai huvuta harufu ya chochote kilicho karibu nayo, kwa hiyo gunia moja lisingerudi ndani mpaka sakafu iwe haina harufu kabisa.

Msimamizi wa ghala alikuwa mzee wa Mji wa Kale, mwembamba, kofia ya vito haitoki kichwani. Vijana wote walimwita Ami, nami nikamwita Ami. Alinitazama nikitoa vipimo mkobani, akauliza, "Mwanangu, hizo saa zako zasoma nini?"

"Unyevu, Ami. Wa hewani na wa sakafuni."

"Wa sakafuni ningekwambia bure. Kona ile ya nyuma hulia wakati wa bamvua."

Nilitandika karatasi za plastiki sehemu mbalimbali za ghala, kila moja kiasi cha nusu mita kwa nusu mita, nikazibandika kingo zote kwa utepe, nikaziacha zilale. Kipimo hiki hakihitaji umeme wala shule. Asubuhi karatasi za katikati zilikuwa kavu. Ya kona ya nyuma ilikuwa na matone kwa chini, mengi, yamejipanga kama yaliyohesabiwa, na zege lililofunikwa lilikuwa limegeuka jeusi. Ghala lile ni la zamani. Lilipojengwa hakuna aliyetandika plastiki chini ya zege. Chini yake ni mwamba wa matumbawe, na mwamba huo una vitundu tele, na maji ya chini ya kisiwa hupanda na kushuka pamoja na bahari. Epoksi ya kawaida hutaka zege lenye unyevu usiozidi asilimia 4 ya uzito wake. Ukiimwaga juu ya zege linalotoa mvuke hushika vizuri, hung'aa, mteja hulipa, na baada ya miezi huinuka malengelenge yenye maji ndani. Kona ile tuliitengea mchanganyiko mwingine wa epoksi na simiti, unaovumilia zege lenye maji. Ami hakusema kitu, ila alitabasamu.

Kusaga sitakusimulia sana. Mashine yenye meno ya almasi huondoa ngozi ya juu ya zege hadi kokoto zionekane, nyuma yake hufuata mashine ya kufyonza vumbi, na kelele ni zile zile, Shimanzi au Athi River.

Hewa ndiyo iliyobadilisha kazi yote. Kuna kanuni ambayo kwetu bara tuliijua zaidi kwa kuisoma: sakafu lazima iwe na joto lizidilo kiwango cha umande kwa nyuzi 3 au zaidi. Kiwango cha umande ni lile joto ambalo hewa ikishukia hushindwa kubeba maji yake, ikayatua juu ya chochote kilicho baridi. Nairobi mchana pengo hilo ni pana, huna haja ya kuliwaza. Mombasa, mwezi wa Februari kaskazi ikivuma, hewa ikiwa nyuzi 30 na unyevu asilimia 75, umande hutua kwenye nyuzi 25. Hapo nafasi yako yote ya kufanyia kazi ni zile nyuzi tatu nne kati ya joto la sakafu na kiwango cha umande.

Na haitoshi kungoja jua lipande, kwa sababu jua nalo lina hila yake. Zege likipata joto, hewa iliyomo vitunduni mwake hutanuka na kupanda. Ukimwaga epoksi asubuhi, kila kitundu kitatoa povu, na povu likipasuka gundi ikiwa imeshaanza kushikana hubaki tundu. Zege linalopoa hufanya kinyume: huvuta gundi chini. Kwa hiyo unataka jioni. Lakini usiku ukienda sana zege hupoa, na wakifungua milango alfajiri hewa ya bahari yenye joto na maji huingia ikatua juu ya sakafu changa. Unyevu huo pamoja na hewa ukaa hushikana na hadina kabla haijamaliza kazi na gundi, na asubuhi unakuta utando mweupe unaonata, wenye ukungu usiofutika kwa kitambaa. Koti la pili halishiki juu yake mpaka uusage. Kati ya povu la asubuhi na ukungu wa alfajiri tulibaki na dirisha dogo, kuanzia alasiri mabati yalipoanza kupoa hadi usiku.

Tulimwaga jioni, praima, yaani koti la kwanza, ikiwa imeshashika tangu siku iliyotangulia. Mmoja hukoroga: A kwanza, kisha B yote, hakuna kukadiria kwa macho, drili ya mwendo wa polepole ili isiingize hewa, halafu humiminwa kwenye ndoo nyingine ikakorogwa tena, kwa sababu kilichoganda pembeni mwa ndoo ya kwanza hakikuchanganyika na hakitakomaa kamwe. Ndoo haikai. Epoksi iliyorundikana hujipasha moto yenyewe, iliyotandazwa hupoa. Mkorogaji wetu alikuwa anakimbia, anamimina mkanda mrefu sakafuni, ndoo juu chini, anarudi. Mimi na mwenzangu, viatu vya misumari miguuni, tulivuta mwiko wa meno kurudi nyuma, na kijana wa tatu akifuata na rola la miiba kutoa hewa. Hakuna anayezungumza. Jasho nalo ni adui: tone moja la jasho kwenye epoksi mbichi huacha kovu, kwa hiyo tulifunga vitambaa kwenye vipaji vya nyuso. Nairobi nilikuwa nikivaa sweta kwa kazi hiyo hiyo.

Kila mara nilipomaliza safu nilisoma vipimo kwa sauti na Ami akaviandika nyuma ya risiti. Alikuwa ameamua mwenyewe kuvishika. Adhana ya isha ilipoita alinikabidhi karatasi, akaenda, akarudi, akaendelea kuandika. Tulipofika mlangoni alifunga milango yote kwa mkono wake, akatia kufuli, ufunguo akautia mfukoni. "Mpaka jua la saa nne hapafunguki," aliwaambia walinzi, na kwa hilo nilimheshimu kuliko mainjinia wengi niliofanya nao kazi.

Epoksi haikauki kama nguo iliyoanikwa. Hakuna maji yanayoondoka. Hukomaa. Kwa vitabu vya watengenezaji, kwenye nyuzi 20, siku moja mtu anaweza kupita kwa miguu, siku mbili tatu gurudumu jepesi, na siku 7 ndipo iwe imara dhidi ya dawa na mizigo. Joto la pwani hufupisha muda huo, lakini mimi sikutaka kuuza siku za mtu. Tukawa hatuna kazi. Ami akasema, "Twende ukaone sakafu za kwetu."

Tulishuka tuktuk karibu na Fort Jesus, ile ngome ambayo Wareno walianza kuijenga mwaka 1593 na ambayo UNESCO iliiweka kwenye orodha yake mwaka 2011. Watalii hutazama mizinga. Mimi nilitazama handaki lake, lililochongwa ndani ya mwamba wa matumbawe, nikaona mwamba wa Shimanzi kwa ubavu: vitundu, kombe za kale, weusi wa unyevu kwenda juu. Tukafuata Ndia Kuu, tukapita msikiti wa Mandhry wa mwaka 1570, tukasimama kwa kahawa chungu na kashata, hadi nyumba moja ambako fundi wa chokaa alikuwa akirekebisha ukuta.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba, mwanangu. Huyu ndiye fundi wa plastiki?" akamuuliza Ami.

Ukuta ulikuwa wa mawe ya matumbawe, mnene hata dirisha lilikuwa na kina cha mkono. Mtu mmoja wa zamani aliupiga plasta ya simiti, nayo ilikuwa imebanduka mapande mapande, nyuma yake unga mweupe wa chumvi. "Ukuta huu wanywa maji ya ardhini kutwa kucha," fundi alisema. "Chokaa huyaachia yakatoka. Simiti huyafungia, na chumvi ikikosa mlango huvunja jiwe." Hayo ndiyo malengelenge yangu ya Shimanzi, safari hii ukutani.

Juu, orofani, boriti za mikoko zilikuwa zimepangwa, na chumba kilikuwa chembamba, kama mita tatu hivi, kwa kuwa boriti haifiki mbali zaidi ya hapo. Juu ya boriti mawe, juu ya mawe kifusi na chokaa, halafu, alinieleza, sakafu hupigwa kwa vigongo vya mbao, watu wamejipanga safu wakiimba, siku kadhaa.

"Hupigwa mpaka lini, mzee?"

"Mpaka ikulilie. Kwanza gongo lazama, mwisho larudi."

Kisha akachukua magunia yaliyolowa akayatundika mbele ya plasta mpya, akanyunyiza maji. Nilimtazama muda mrefu. Jiwe la matumbawe likichomwa tanurini hupoteza hewa ukaa. Likizimwa kwa maji huwa chokaa. Na chokaa hurudi kuwa jiwe kwa kuivuta tena hewa ukaa ile ile, polepole, nayo haiwezi kufanya hivyo ikiwa kavu. Maji na hewa ukaa, yaani vitu viwili nilivyovifungia milango Shimanzi visije vikaiharibu kazi yangu, ndivyo alivyokuwa anavikaribisha ukutani kwa magunia. Mimi nilileta sakafu iliyobuniwa kwa ajili ya hewa ya kwingine, ndiyo nikahitaji vipimo na makufuli. Mafundi wa Mombasa walitengeneza yao kwa hewa iliyopo. Nilimwambia Ami hivyo, akasema foklifti haipandi juu ya boriti. Ni kweli. Mji wa Kale umehifadhiwa kisheria tangu mwaka 1990, lakini hakuna atakayeweka tani za chai orofani Ndia Kuu.

Tuliporudi ghalani sakafu ilikuwa ngumu, ya kijivu, haina ukungu. Ami akaweka sinia ya chai wazi katikati ya ghala, milango imefungwa usiku kucha, na nyingine ya gunia lile lile ofisini. Mwonjaji alipikiwa zote mbili bila kuambiwa ipi ni ipi. Akavuta ya kwanza kwa kelele, akatema. Akavuta ya pili, akakunja uso, akasema, "Hii ina duka la rangi." Milango ikafunguliwa pande zote, maana sasa hewa haikuwa na la kuharibu, upepo ukapita. Tukarudia siku za mbele, hadi siku aliyovuta vikombe vyote viwili akauliza tunamfanyia mchezo gani.

Ami akachukua chaki akachora mstari kuzunguka kona ya nyuma, akaandika HAPANA CHAI. Dereva wa foklifti akauliza mpaka lini.

"Mpaka mvua za mwaka zipite, tuone mchanganyiko wa bara wasemaje," Ami alijibu, akaashiria paleti ya kwanza iingie.