Mnyongaji na Kodi ya Nyumba

El verdugo, yaani Mnyongaji, ni filamu ya Luis García Berlanga ya mwaka 1963. Niliiangalia kwenye simu usiku nikitegemea kucheka, maana niliambiwa ni komedi. Nikacheka kweli, mpaka habari ya nyumba ilipoingia.

José Luis kazi yake ni kubeba maiti, na wasichana wakishajua wanamkimbia. Carmen naye wachumba wanamkimbia, kwa sababu baba yake, mzee Amadeo, ni mnyongaji wa serikali. Basi wanaoana. Pa kuishi je? Vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Hispania vilikwisha 1939, lakini zaidi ya miaka 20 baadaye mfanyakazi wa Madrid bado anahangaikia chumba. Amadeo ana haki ya nyumba ya serikali, ila anastaafu, na akistaafu haki inapotea. Labda mkwe arithi kazi. Mzee anambembeleza: wewe saini tu, humnyongi mtu, siku ukiitwa unajiuzulu.

Hapo nikaisimamisha filamu.

Mimi nilisaini hapahapa Dar es Salaam, kwa maneno karibu na hayo. Mwenye nyumba wa Tandika alitaka kodi ya miezi sita kwa mkupuo, mke wangu ana mimba ya miezi saba. Nikaingia ofisi ya mikopo, ile tunayoiita kausha damu. Wakaniambia nitajaza daftari tu. Mwezi wa tatu nikapandishwa kirikuu kwenda kubeba friji ya mama mmoja anayeuza barafu.

José Luis naye anaitwa, Mallorca, na hajiuzulu. Mwishoni kuna ukumbi mkubwa mweupe, mtupu. Makundi mawili yanaukatiza kuelekea mlango mdogo. Mbele ni mfungwa, anatembea mwenyewe. Nyuma ni José Luis, amelegea, anakokotwa na walinzi, kofia inamdondoka. Kamera inabaki mbali, haitusogezi tuone uso wa mtu. Wakaguzi wa Franco waliikatakata filamu hii, lakini mahali panapouma kuliko pote walipaacha.

Yule mama alidhani nimekuja kununua. Akanikaribisha kiti. Nilipomwonyesha karatasi hakupiga kelele, alitoa barafu zake moja moja akaziweka kwenye beseni. Friji ilikuwa nzito, na akatushikia mlango tupite.