Hakurudi, Hajarudi

Mwaka 1966 J. T. Fraser, msomi mzaliwa wa Budapest aliyehamia Marekani, alianzisha jumuiya ya kimataifa ya kuchunguza wakati. Ilikusanya watu wa fani mbalimbali, wanafizikia kwa wanafalsafa, walioona kwamba swali la wakati ni kubwa mno kuachiwa somo moja. Mkutano wao wa kwanza ulifanyika Oberwolfach, Ujerumani, mwaka 1969. Mwaka huohuo John Mbiti, Mkenya aliyekuwa akifundisha Makerere, alichapisha kitabu chake maarufu juu ya dini na falsafa za Kiafrika. Ili aeleze wakati wa Mwafrika, aliyaweka kando maneno ya Kiingereza na kuchukua mawili ya Kiswahili: Sasa na Zamani.

Wanafunzi wa lugha tuna sababu ya kujivunia jambo hilo, na pia sababu ya kulipima. Maana Mbiti hakuanzia kwenye saa wala nyota. Alianzia kwenye vitenzi. Alizichunguza njeo za Kikamba na Kigikuyu, akaona kwamba zinazohusu wakati ujao hazifiki mbali: miezi michache tu, na kwa vyovyote si zaidi ya miaka miwili hivi. Akahitimisha kwamba kwa Mwafrika wa jadi wakati una yaliyopita marefu, yaliyopo, na karibu hauna yajayo. Ametoa dai la falsafa kutoka katika kazi ya sarufi. Basi na sisi wenye sarufi tuna haki ya kulijibu.

Nimezaliwa Sange, katika bonde la Ruzizi, kwenye barabara inayotoka Bukavu kwenda Uvira. Sehemu moja ya mafundisho ya Mbiti naikubali bila shida. Anasema wakati wetu huhesabiwa kwa matukio kabla ya kuhesabiwa kwa tarakimu. Tarehe 2 Julai 2010 lori la mafuta lilipinduka Sange, likashika moto, na watu zaidi ya 200 wakafa. Ilikuwa wakati wa Kombe la Dunia. Tangu hapo, nyumbani kwetu mtoto amezaliwa kabla ya moto au baada ya moto, na ukiuliza mwaka, mtu huanzia kwenye moto ndipo apige hesabu.

Ng'ambo ya mto, Rwanda, Alexis Kagame naye aliusoma ulimwengu kupitia sarufi. Katika kitabu chake cha mwaka 1956 aligawa vyote vilivyopo katika makundi manne, na mahali na wakati akaviweka katika kundi moja, ahantu. Kiswahili kinamuunga mkono. Tukisema "tulipovuka mto", hiyo -po- inaweza kuwa mahali tulipovukia, inaweza kuwa saa tuliyovuka. "Hapo" ni pale chini ya mwembe, na "hapo zamani" ni mwanzo wa hadithi. Mtu wa Sange anayesema "pale kwenye moto" anaonyesha kando ya barabara na anaonyesha mwaka 2010 kwa kidole kilekile.

Ugumu wangu uko kwenye yajayo. Kwanza, njeo ni ushahidi mwembamba. Kwame Gyekye wa Ghana alimjibu Mbiti kwa kutumia lugha ya Waakan, akionyesha kwamba huko dhana ya wakati ujao wa mbali ipo na ina maneno yake. Pili, hata njeo zenyewe husema zaidi ya vipimo vya miezi. Tazama -ta- ya "atarudi". Inatokana na kitenzi "taka", na mzizi huo bado umejificha tukisema "atakayerudi". Mswahili alipotafuta njia ya kusema yajayo, aliitafuta katika kutaka. Kutaka hakuishii kwenye mwezi wa sita.

Lakini hoja yangu kubwa ni silabi nyingine, nami nimeijua mbali na darasa.

Oktoba 1996 vita vilipofika bonde la Ruzizi, watu walikimbia makundi makundi. Mtoto wa shangazi yangu, mwenye miaka 14, alitengana na wenzake njiani. Hakuna aliyeuona mwili wake, hakuna aliyeleta habari zake. Miaka ikapita. Siku moja wazee wa ukoo walikutana nyumbani kwa shangazi kuzungumzia shamba. Kwa kuwa miongoni mwao alikuwapo mkwe asiyejua Kifuliiru, maneno yalisemwa kwa Kiswahili, ambayo hapa nayaandika kwa Kiswahili sanifu. Mzee mmoja alisema kwa upole, "Dada, mtoto hakurudi. Tufanye matanga, sehemu yake wapewe wadogo zake." Shangazi aliendelea kuchambua mchele kwenye ungo. Kisha akajibu, "Kaka, hajarudi."

Kikao kikaishia hapo. Shamba halikugawanywa.

Kitabu cha sarufi kingesema wote wawili wamekanusha jambo lilelile. Kurudi hakukutokea. Lakini "hakurudi" inafunga hesabu, na "hajarudi" inaiacha wazi. Hiyo -ja- ni kanusho linalotazama mbele: husema jambo halijatokea hadi sasa, na bado lina nafasi ya kutokea. Shangazi hakubisha juu ya yaliyopita. Alibisha juu ya yajayo, na hakutumia njeo ya wakati ujao hata mara moja. Anayezihesabu njeo za wakati ujao peke yake asingemsikia.

Tena mtoto huyo hana pa kukaa katika mpango wa Mbiti. Kwa Mbiti, marehemu anayekumbukwa kwa jina hubaki ndani ya Sasa, na wote waliomfahamu wakishakufa huzama katika Zamani. Ni fundisho zuri kwa wafu waliozikwa. Aliyepotea hajaingia Zamani kwa sababu hajafa, wala hayupo katika Sasa kwa sababu hayupo. Anashikiliwa na "bado". Na katika Kivu Kusini, ambako familia nyingi zina mtu wa namna hiyo, nadharia ya wakati isiyo na nafasi ya "bado" imetuacha nje sehemu kubwa.

Kuna watakaosema kwamba kungoja kwa shangazi kunawaumiza wadogo wanaohitaji shamba. Ni kweli, na wazee hawakuwa wakatili. Sarufi haiwezi kuamua nani alime wapi. Inachoweza ni kuonyesha kwamba ugomvi ule ulikuwa wa watu wawili wenye fikra kamili juu ya kesho. Kwa hiyo nikisikia mtu akisema kwamba watu wa huku hawana wakati ujao, ndiyo maana hawapangi, namkumbuka mwanamke mwenye ungo aliyelizuia shamba zima kwa ajili ya kesho.

Wenzetu wa Oberwolfach walikuwa na jumuiya yao. Sisi kitivoni tuna kitu ambacho wengi wao hawakuwa nacho: darasa moja lenye wasemaji wa Kifuliiru, Mashi, Kihavu, Kilega, Kibembe na Kivira. Napendekeza tukutane mara moja kwa mwezi, wanafunzi na walimu wanaotaka, tukiwa na daftari moja. Tusianze na swali la Mbiti, yaani lugha yako ina njeo ngapi za wakati ujao. Tuanze na hili: kwenu, aliyeondoka bila habari husemwaje, na ni nani katika familia mwenye haki ya kubadili kitenzi hicho?