Jina la Kariakoo

Katika mji wa Dar es Salaam, upande wa magharibi wa uwanja wa Mnazi Mmoja, kuna mtaa uitwao Kariakoo. Huko huuzwa dagaa na mchele, vitenge na sufuria, na hakuna mtoto wa mji asiyeujua. Walakini wengi walitajao jina hilo kila siku hawajui ya kuwa wanatamka Kiingereza, tena Kiingereza cha wakati wa vita.

Asili yake ni hii. Kabla ya mwaka 1914 nchi ilitawaliwa na Wajerumani, ambao wazee waliwaita Wadachi. Hao walijenga pale jengo la soko, lakini vita vikatokea kabla soko halijafunguliwa. Mwezi wa Septemba 1916 Waingereza waliutwaa mji, wakaweka kambi mahali pale kwa ajili ya wapagazi wao. Kikosi cha wapagazi hao kiliitwa Carrier Corps. Vita vilipokwisha jengo likageuzwa kuwa soko, mwaka 1923, nayo kambi ikaondoka. Jina lake halikuondoka. Jengo la soko lililochorwa na Beda Amuli, ambalo lilifunguliwa mwaka 1975, lilirithi jina lile lile.

Sasa tazama maneno yenyewe. Carrier maana yake mchukuzi, na corps maana yake kikosi. Mtoto wa Kiswahili akiambiwa aandike neno hili la pili kama alisikiavyo, ataandika k, o, o, na mwalimu wa Kiingereza atampigia alama ya kosa. Ataambiwa ya kuwa mna p ndani yake, na s, wala hazitamkwi. Mtoto ana haki ya kuuliza zimekaa humo kwa kazi gani.

Si kwamba Waingereza walipenda kuwatesa watoto. Neno lile lilianza katika Kilatini, corpus, yaani mwili. Likaingia katika Kifaransa, na Wafaransa, karne baada ya karne, wakaacha kutamka mwisho wake. Katika karne ya 18 Waingereza walilitwaa kwa Wafaransa kwa maana ya kikosi cha askari, wakalitwaa na sauti yake na maandishi yake pamoja. Lakini walikuwa wamekwisha kulitwaa mara moja hapo kale, kwa maana ya mwili wa mtu aliyekufa. Hilo la kale sasa huandikwa corpse, yenye e mwishoni, na p yake na s yake husikika. Basi kikosi na maiti ni neno moja lililoingia nyumbani kwa milango miwili.

Herufi nyingine zisizotamkwa zina habari rahisi zaidi: zamani zilitamkwa. Neno knife, yaani kisu, lilikuwa na sauti ya k mwanzoni. Neno name, yaani jina, katika siku za mshairi Chaucer, aliyekufa mwaka 1400, lilisomwa karibu kama Mswahili angelisoma leo: na-me. Mwaka 1476 William Caxton alianzisha kiwanda cha kupiga chapa huko Westminster. Tangu hapo vitabu vikawa vingi, na maandishi yakaanza kutulia katika desturi moja. Vinywa havikutulia. Maandishi yakabaki nyuma kama alama za nyayo katika udongo uliokauka, na mwenye nyayo amekwisha kwenda zake.

Herufi r ndiyo inayotuhusu hasa. Katika siku za Shakespeare r ya mwisho wa neno ilitamkwa waziwazi. Baadaye watu wa London na kusini ya Uingereza wakaanza kuilegeza, hata mwaka 1791 John Walker, mwenye kamusi ya matamko, aliandika jinsi r ya London ilivyokuwa laini. Mwishowe ikatoweka katika vinywa vyao. Waskoti na Wamarekani wengi hawakuiacha mpaka leo.

Fikiri, basi, juu ya wapagazi. Wengi hawakujua kusoma Kiingereza, wala hawakuona jina la kikosi chao limeandikwa. Walishika lile walilolisikia vinywani mwa maofisa: karia, koo. Hakuna r mwisho wa neno la kwanza, wala la pili. Kama maofisa wale wangalikuwa Waskoti watupu, labda soko lingeitwa Kariakori. Hivyo masikio ya wachukuzi yalihifadhi matamko ya mabwana wao kwa uaminifu kuliko kalamu ya mabwana wenyewe. Huko Nairobi wapagazi walikuwa na kambi yao pia, na mtaa wake unaitwa kwa jina lile lile. Lakini huko huandikwa Kariokor, na r ikarudi mwishoni kwa njia ya maandishi.

Watu hawa walichukua vyakula na risasi vichwani katika nchi ambayo mbung'o waliua farasi na ng'ombe. Kuhara, homa na njaa ziliwaua kuliko risasi. Katika wale waliotoka Kenya peke yao walikufa zaidi ya 40,000, na wengi hawana kaburi lenye jina. Sanamu ya Askari, iliyosimamishwa Dar es Salaam mwaka 1927, imewataja wapagazi kwa herufi za Kirumi na za Kiarabu, lakini kwa jumla tu, si mmoja mmoja.

Jina lao la kikosi linaendelea kutajwa sokoni, nalo halijaacha kubadilika. Juu ya mabasi madogo ya mji mara nyingi huandikwa K/koo, kwa kuwa nafasi ya ubao ni ndogo. Na utingo, akiita abiria, hulitamka lote.